Damu ya jukwaani inapokataa: dalili, chanzo na dawa yake

Damu bandia ikiharibika jukwaani, wengi hurudi kwenye sufuria na kuongeza rangi nyekundu. Mara nyingi rangi haina kosa lolote. Kosa liko pale damu inapokutana na kitu kingine: taa, kitambaa, mate, ngozi iliyopakwa vipodozi vya mafuta, mrija mwembamba. Damu ile ile iliyopendeza kwenye bakuli hugeuka pinki ikifika kwenye shati jeupe, nyeusi chini ya taa ya kijani, na maji matupu ndani ya kinywa. Kwa hiyo kabla hujagusa kiungo chochote, jiulize damu hii inakwenda wapi. Ya kinywani, ya usoni, ya kwenye nguo na ya sakafuni si damu moja, na kikundi kinachotengeneza ndoo moja kwa kazi zote hizo kitahangaika msimu mzima.

Ili tuelewane tunaposema ongeza au punguza, nachukua mchanganyiko huu wa kawaida kuwa msingi: mililita 250 za shira nzito ya glukosi, mililita 100 za maji, kijiko kimoja cha chai cha konflawa, vijiko viwili vya chai vya rangi nyekundu ya chakula ya maji, kijiko kimoja cha chai cha unga wa kakao, na rangi ya buluu kiasi cha kuchovya ncha ya kijiti cha meno. Ukikosa shira ya glukosi, chemsha sukari na maji hadi iwe nzito. Konflawa ikorogwe kwanza katika maji baridi, ipikwe hadi weupe wake uishe na uone inang'aa, ndipo shira iingie. Usipike konflawa ndani ya shira, kwa sababu sukari nyingi huzuia wanga kuiva. Kakao ilainishwe pembeni kwa maji ya moto kidogo, na rangi ziingie mwisho.

Shira inaleta uzito na mng'ao. Konflawa inashikilia mchanganyiko usijitenge. Kakao inaziba mwanga, na hiyo ndiyo kazi inayosahaulika. Damu halisi haipitishi mwanga kwa sababu imejaa chembe nyekundu zenye himoglobini. Ukimwaga rangi na shira peke yake, kinachotoka ni kinywaji chekundu, na hadhira inalijua hilo hata bila kujua kwa nini.

Unaporekebisha, gusa kiungo kimoja, jaribu, kisha ndipo uguse kingine. Ukigusa viwili kwa pamoja hutajua ni kipi kilichoponya.

Damu inaonekana pinki

Hili ndilo lalamiko kubwa kuliko yote, na lina vyanzo vitatu ambavyo kila kimoja kina dawa yake.

Cha kwanza ni utando mwembamba. Rangi ya chakula ni rangi iliyoyeyuka, mwanga unapita ndani yake bila kizuizi. Kwenye bakuli unaiona nyekundu iliyokolea kwa sababu unatazama kina cha sentimita kadhaa. Kwenye shati la pamba nyuzi zinainyonya na kuisambaza, kinabaki kitu chembamba sana, na weupe wa shati unapenya kutoka nyuma. Ongeza kakao, nusu kijiko cha chai kila mara, hadi tone moja kwenye kitambaa cheupe libaki jekundu lenye giza. Kuongeza nyekundu peke yake hapa ni kazi bure.

Cha pili ni aina ya nyekundu yenyewe. Geuza chupa usome namba kwenye lebo. E122, yaani kamoisini, ikichujuka huelekea pinki yenye ubuluu ndani yake. E129, alura nyekundu, huelekea upande wa machungwa. Kama uliyo nayo ni E122, matone mawili matatu ya njano yataituliza. Dick Smith, fundi wa vipodozi wa Marekani aliyeishi kuanzia 1922 hadi 2014 na ambaye kanuni yake ya damu ilienea sana kwa mafundi wa filamu, aliweka njano pamoja na nyekundu ndani ya shira ya mahindi. Watu hushangaa kusikia njano imo kwenye damu, lakini ukiijaribu kwenye kitambaa utaona inavyoondoa ule upinki wa peremende.

Cha tatu ni weupe ulioingizwa bila kukusudia: maziwa, unga wa ngano, au konflawa isiyoiva. Kitu cheupe kikikutana na nyekundu, pinki haiepukiki. Konflawa mbichi inatibika. Rudisha mchanganyiko kwenye moto mdogo, koroga hadi ung'ae. Maziwa na unga wa ngano havitibiki vizuri, anza upya.

Kipimo kinachofichua mengi ni hiki. Chukua kipande cha kitambaa kile kile cha vazi, weka tone moja, ukae nalo kama dakika kumi. Usitazame katikati peke yake. Tazama ukingo wa doa. Mara nyingi utaona duara la buluu au kijani likizunguka wekundu: maji yamekwenda mbali na kubeba rangi ya buluu, nyekundu ikabaki nyuma. Mtazamaji wa safu ya kwanza ataliona duara hilo. Dawa yake ni kuacha buluu ya maji kabisa na kupata giza kutoka kwenye kakao, na kupunguza maji ili doa lisitembee.

Ikiwa damu imekuwa zambarau, buluu imezidi. Weka njano tone kwa tone, maana nyekundu zaidi haitaiondoa. Ikiwa imekuwa ya machungwa, kosa ni kinyume chake, na buluu ya ncha ya kijiti inatosha.

Ilipendeza mchana, chini ya taa haionekani

Hapa fundi wa taa na fundi wa damu wanapaswa kuketi pamoja, na inasikitisha jinsi jambo hili linavyoachwa hadi siku ya mazoezi ya mwisho.

Dalili ya kwanza: mwigizaji amevaa shati jeupe, amechomwa kisu, na hadhira haioni damu. Tazama taa. Kama eneo lote limemulikwa kwa taa nyekundu ili kuleta hofu, hapo hapo ndipo damu ilipozikwa. Shati jeupe chini ya mwanga mwekundu linarudisha wekundu, na damu nayo inarudisha wekundu ule ule, hivyo jicho halina cha kutofautisha. Nyekundu zaidi itazidi kuificha. Unachohitaji ni kitu kinachomeza mwanga mwekundu, nacho ni buluu, kijani, au kakao nyingi. Damu itakayoonekana vizuri chini ya taa nyekundu huwa, ikitazamwa mchana, karibu nyeusi. Wapiga filamu wa enzi za picha nyeusi na nyeupe walikuwa na tatizo la jamii hiyo hiyo, na ndiyo maana walitumia shira ya chokoleti: kilichohesabika kwao ni giza la doa dhidi ya ngozi, rangi haikuwa na kazi.

Dalili ya pili: damu imekuwa nyeusi kama oili ya gari. Taa ni ya kijani au ya buluu, na haina wekundu wa kuirudishia damu rangi yake. Hakuna rangi ya chakula itakayotatua hili. Omba taa moja ndogo nyeupe au yenye joto kidogo ielekezwe kwenye jeraha kwa sekunde zile ambazo hadhira inapaswa kuona. Mwongozaji akikataa kabisa, basi itegemee mng'ao: punguza konflawa, ongeza shira au gliserini, ili damu ing'ae gizani na hadhira ijue kuna kitu kilicholowa.

Dalili ya tatu huwatatiza wengi siku hizi. Damu inawaka kupita kiasi, inaonekana ya plastiki. Hutokea sana pale mwanga mweupe unapoundwa kwa taa za LED za rangi tatu tu, nyekundu, kijani na buluu. Nyekundu yake ni kali na nyembamba, na rangi ya chakula inairudisha karibu yote. Kakao zaidi itaishusha, na pia mwombe fundi apunguze chaneli nyekundu katika tukio hilo.

Umbali nao una neno lake. Grand Guignol ya Paris, iliyofanya kazi kuanzia 1897 hadi 1962 na kuwa maarufu kwa michezo ya kutisha, ilikuwa na viti visivyofika 300, hivyo watazamaji walikuwa karibu mno na majeraha. Katika ukumbi wa namna hiyo damu yenye giza na utelezi wa kweli inalipa. Katika ukumbi mkubwa, damu hiyo hiyo inasomeka kama kivuli au tope kuanzia safu ya kumi kwenda nyuma. Iweke nyekundu zaidi kuliko unavyoona inafaa ukiwa karibu, kisha nenda ukakae kiti cha nyuma kabisa mtu mwingine akiwa ameipaka. Uamuzi wa rangi ufanyike kwenye kiti hicho.

Haitiririki, au inakimbia kama maji

Weka tone zito ndani ya mkono, chini kidogo ya kiwiko, kisha shusha mkono uning'inie wima. Damu inayofaa hukusanyika kwanza, inatafuta njia, inashuka ikiacha utando nyuma yake, na tone linabaki linaning'inia mbele. Ikikwama pale pale kama jamu, shira au konflawa imezidi. Ongeza maji kijiko kimoja cha chai kila mara. Ikikimbia hadi kwenye kifundo kabla hujapumua na kuacha mkono safi, maji yamezidi. Usikimbilie konflawa mbichi. Ongeza shira, au chemsha konflawa kidogo na maji pembeni na uiingize ikiwa imeiva.

Kama ilikuwa sawa jana na leo imekuwa nzito, tazama hali ya hewa kabla hujatazama mchanganyiko. Shira hubadilika sana kwa joto na baridi. Ukumbi wenye kiyoyozi kikali unaifanya igande kwenye mrija, na mwili wenye jasho unaifanya ilainike chini ya vazi. Weka chupa kwenye bakuli la maji ya uvuguvugu nusu saa kabla ya kuitumia, nawe usiibadilishe kitu.

Dalili nyingine inayofanana na hii ni damu inayojikusanya kuwa shanga juu ya ngozi, inaruka na kuacha mabaka. Uzito wake ni sawa. Tatizo ni mafuta ya vipodozi. Pakaza poda juu ya vipodozi kwanza, uibonyeze kwa kitambaa hadi ngozi isiteleze, ndipo damu ipite. Kwa damu ya mwilini tu, tone moja la sabuni ya maji ya kuoshea vyombo katika kikombe kizima linavunja ule mkazo wa juu ya maji na damu inalala kwenye ngozi. Kanuni ya Dick Smith ilitumia dawa ya kusuuzia filamu za picha, Photo-Flo ya Kodak, kwa kazi hiyo hiyo, na ndiyo sababu damu hiyo ilikuwa sumu na haikufaa kinywani. Ukikutana na kanuni hiyo mahali popote, usiifuate kwa damu ya kumezwa au kutemwa.

Madonge, mashapo na povu

Madonge ya konflawa hutokana na kuimwaga kwenye maji ya moto. Chuja kwa kitambaa na safari nyingine anza na maji baridi. Methilselulosi, unga mwingine wa kuongeza uzito, iko kinyume kabisa. Inayeyuka kwenye maji baridi na inakataa ya moto. Nyunyiza unga wake kwenye maji ya moto ili utawanyike bila kushikana, kisha uache upoe huku ukikoroga, utaona unakuwa mzito wenyewe. Gundi ya zanthani, nayo ni unga wa kuongeza uzito kwenye vyakula, ichanganywe na gliserini isiyo na maji kabla ya kukutana na maji. Kakao ikituama chini ya chupa, konflawa haitoshi au haikuiva. Povu ni la kuitikisa chupa. Koroga taratibu kwa kijiko na uache usiku kucha.

Mfuko haukupasuka, au ulipasuka mapema

Mwigizaji anabonyeza mfuko wa damu uliofichwa kifuani mara ya kwanza, ya pili, na hakuna kinachotoka. Kwa kawaida mfuko una hewa au umejaa nusu. Ukiubonyeza, damu inahama kutoka upande mmoja kwenda mwingine, na hewa inasinyaa na kumeza ule msukumo wote. Ujaze hadi ukaze, toa hewa yote kabla ya kufunga, na mara moja utaona unapasuka kwa kiganja. Tumia plastiki nyembamba, ile ya kufunikia chakula. Mfuko wa kuhifadhia chakula kwenye friji ni imara kupita kiasi. Nyuma ya mfuko, upande wa mwili, shona kipande cha kadibodi ngumu iliyofunikwa kwa plastiki. Tumbo ni laini, linarudi nyuma, na bila kitu kigumu cha kuegemea mfuko unateleza tu. Puto lililojazwa kidogo lina ugonjwa huo huo: mpira wake unavutika badala ya kupasuka. Kuna wanaotatua hili kwa kuficha pini kwenye pete. Mimi siwezi kuikubali njia hiyo, kwa sababu kwenye pigano la jukwaani mkono unakwenda pasipotarajiwa, na jicho la mwenzako liko karibu.

Mfuko unaopasuka kabla ya wakati kwa kawaida umekaa mahali mwili unapojikunja, kwapani au kiunoni, au umefungwa vibaya kwenye mshono mmoja. Funika mishono yote kwa utepe isipokuwa ule unaotaka uachie, na damu itatoka upande ule ule kila usiku.

Halafu kuna lile la mfuko kupasuka vizuri kabisa na hadhira isione kitu, huku mwigizaji akihisi ubaridi ukishuka hadi kwenye soksi. Damu imepita ndani ya vazi. Poliesta na vitambaa vilivyotiwa dawa ya kuzuia maji havinyonyi. Shona kipande cha pamba nene ndani ya vazi mahali pa jeraha, mfuko ukae kati ya pamba hiyo na plastiki ya upande wa mwili. Damu haitakuwa na njia nyingine isipokuwa kuja mbele.

Mrija na bomba la sindano navyo vina shida zake. Ukisukuma na damu ikachelewa, mrija ulikuwa mtupu. Ujaze hadi mdomoni kabla mwigizaji hajaingia. Ikitoka kwa kurukaruka, kuna mapovu ya hewa. Ikikataa kabisa, usihangaike kulainisha damu hadi iharibike; badilisha mrija. Kipenyo cha ndani kikiwa mara mbili, kwa msukumo ule ule na urefu ule ule, damu inayopita ni mara 16. Hakuna kiasi cha maji utakachoongeza kikupe hivyo na damu ikabaki kuwa damu.

Baada ya yote hayo, kwa matukio mengi sifongo kidogo kilicholoweshwa na kufichwa kiganjani kinaishinda mifuko yote. Mwigizaji anashika jeraha, anafinya, na hadhira inaona damu ikitoka kati ya vidole. Hakina cha kugoma.

Matatizo ya kinywani

Kanuni haina mjadala: kinachoingia kinywani kiwe chakula mwanzo hadi mwisho. Sabuni hapana, rangi za ufundi hapana, gliserini iwe ile ya kuliwa. Waulize waigizaji wote kuhusu mizio kabla hujachanganya, si wale wa tukio hilo peke yao, maana damu hurukia wengine. Siagi ya karanga hupendekezwa kama kizito, nami nasema iache. Hata rangi ya kamini, inayotokana na wadudu, huwasumbua baadhi ya watu. Mwenye kisukari asipewe shira ya kumeza kimyakimya kwa sababu tu ni tukio fupi.

Dalili: damu ilikuwa nzito kwenye kijiko, mwigizaji akaishika kinywani wakati wa mazungumzo, akaitema ikiwa maji mekundu. Aliyeifanya hivyo ni mate. Mate yana kimeng'enya cha amilesi kinachovunja wanga uliopikwa, na hakihitaji muda mrefu. Kwa kinywa, ondoa konflawa kabisa na utumie shira nzito yenyewe au zanthani kidogo, ambavyo mate hayaviwezi kwa haraka hivyo.

Kapsuli ya jelatini ikilainika au kuvuja mfukoni, umeijaza damu yenye maji, nayo jelatini hulainishwa na maji. Ijaze shira nzito isiyoongezwa maji, dakika chache kabla ya kuingia jukwaani, na ikae mahali pakavu penye ubaridi. Mwigizaji naye asiiweke kinywani mapema. Meno yakibaki mekundu hadi tukio la harusi linalofuata, rangi imeshika ule utando ulio juu ya meno. Apige mswaki vizuri kabla ya onyesho, na damu ya kinywani ipunguzwe rangi na kuongezwa kakao.

Karibu na macho, usiweke damu ya aina yoyote. Damu ya jeraha la paji ielekezwe upande wa sikio kwa mstari mwembamba wa nta juu ya nyusi.

Ngozi na maleba havitakati

Vyote viwili vina chanzo kimoja. Nyingi ya rangi nyekundu za chakula hushika protini, na huishika zaidi kukiwa na asidi na joto. Ngozi ni protini. Sufu na hariri pia. Nailoni, ingawa si protini, ina mahali pa kushikia rangi kama zenyewe. Watu hutia sufu rangi kwa makusudi kwa kutumia rangi ya chakula, siki na maji ya moto. Kwa hiyo yule anayekimbia na siki na maji yanayochemka ili kuokoa koti la sufu anamalizia kazi ya kulipaka rangi.

Maji baridi, haraka, na yapite kutoka nyuma ya kitambaa ili yasukume doa lilikotoka. Baada ya maji kuanza kutoka safi, loweka na sabuni. Kakao huacha doa lake la kahawia, na hilo linataka sabuni na maji ya uvuguvugu, lakini baada tu ya wekundu kwisha. Usipige pasi kitu ambacho bado kina kivuli cha pinki. Pamba nyeupe iliyogoma inaweza kuokolewa na dawa ya klorini ya kung'arishia. Sufu na hariri itaziharibu. Na dawa hiyo isikutane kamwe na siki wala asidi nyingine, kwa kuwa mchanganyiko huo hutoa gesi ya klorini, nayo ni hatari kweli.

Kinga ni nafuu kuliko kufua. Kwa damu ambayo ni ya nguo tu, badilisha sehemu moja kati ya tano ya shira kwa sabuni ya maji isiyo na rangi, na doa litakuwa limebeba sabuni yake tayari. Ukifanya hivyo na umetumia rangi ya ua la rosela, usishangae damu ikigeuka kijivu au zambarau mbele ya macho yako. Rangi hiyo hubadilika inapokutana na sabuni yenye alkali. Rangi ya bitiruti nayo hugeuka kahawia ikipikwa sana. Rangi za namba za E122, E124 na E129 zinavumilia zaidi.

Ngozi ipakwe mafuta mepesi ya kuzuia rangi kabla ya onyesho, ila kumbuka mafuta hayo hayo yanaifanya damu ijikusanye kuwa shanga, hivyo poda juu yake ni lazima. Baada ya onyesho anza na mafuta au krimu, futa, ndipo sabuni. Kinachobaki hufifia chenyewe siku zinavyopita. Kusugua hadi ngozi iwashe hakuharakishi.

Na kuna vazi linalopaswa kuonekana lina damu ya jana. Shira haiwezi. Damu halisi hugeuka kahawia ikikauka, lakini rangi ya chakula inabaki nyekundu na kung'aa hata wiki nzima, na inanata. Tengeneza doa hilo kwa rangi ya akriliki, kahawia yenye wekundu kwa mbali, kwenye vazi la pili lisilofuliwa doa lake.

Sakafu inateleza

Hili lipewe uzito kuliko rangi. Shira ikiwa mbichi inateleza, ikianza kukauka inanata na kumvua mtu kiatu, na yote mawili huvunja mifupa. Panga damu iangukie wapi. Weka zulia au mkeka ambao ni sehemu ya mandhari na unaweza kuondolewa, umwagikie huo. Nyayo za viatu ziwe za mpira. Mtu mmoja apewe kazi ya kufuta kati ya matukio, na afute mara mbili: kwanza kwa tambara lenye maji ya uvuguvugu, kwa kuwa sukari huyeyuka kwa maji, kisha kwa kavu. Tambara kavu peke yake linaipakaza sakafu nzima. Kama tukio lina pigano baada ya damu, tumia damu ya methilselulosi isiyo na sukari. Haina mnato ule, na haiiti sisimizi usiku.

Chupa imevimba

Shira nzito yenyewe hukaa muda mrefu kwa kuwa vijidudu havipati maji ya kutosha ndani yake. Ukishaongeza maji na konflawa, umewapa. Damu ya namna hiyo ikae kwenye friji na itumike ndani ya siku chache. Ukifungua ukasikia mlio wa gesi, au ukaona mapovu madogo yanapanda, imeanza kuchachuka. Mwaga yote, usionje. Mifuko iliyojazwa tangu jana nayo huweza kuvimba na kupasuka kwa sababu hiyo hiyo, kwa hiyo ijazwe siku ya onyesho.

Chupa ziandikwe tarehe na kazi yake. Kwa kuwa nyuma ya jukwaa ni giza na hakuna anayesoma lebo sekunde kumi kabla ya kuingia, damu ya kinywani iwe kwenye chupa ya umbo tofauti kabisa, yenye mpira wa kufungia umezungushwa shingoni, ili mkono uijue kabla ya jicho.